Nani alifunga njia? Uzi wa historia kutoka Mosocho

Kila msimu wa kampeni kuna sentensi moja haikosi kwenye midahalo: "Tutafungua barabara za mashinani." Mgombea anaisema, watu wanapiga makofi, mwendesha mdahalo anasonga kwa swali lingine. Sijawahi kusikia mtu akiuliza: zilifungwa na nani? Lini? Kwa sheria gani?

Huu uzi ni wa maswali hayo. Ni mrefu, tafuta chai kwanza. Sitataja mwanasiasa wala chama, na si kwa uoga. Hili jambo ni la zamani kuliko wote wanaogombea.

Mimi nasomea sayansi ya siasa. Nyumbani ni Mosocho, Kitutu Chache, upande wa chini wa barabara kuu ya Kisii kwenda Kisumu. Ukipita na matatu unaona soko, unaona watoto wa Cardinal Otunga siku ya kufunga shule wakiburuta masanduku, basi. Kitu huoni ukiwa kwenye matatu ni kwamba mashamba yetu mengi ni vipande vyembamba vinavyoanzia juu kwenye mgongo wa kilima na kuteremka hadi mtoni. Kumbukeni hilo umbo, tutalirudia.

Desemba iliyopita magokoro (nyanya yangu, kwa wasio Wakisii) alizidiwa usiku. Bodaboda alifika juu kwenye lami akasimama hapo. Njia ya kushuka kwetu, ile niliyoipita miaka minane nikienda shule ya msingi, ilikuwa imekatwa na ukuta wa mawe. Kipande cha juu kilikuwa kimeuzwa, mnunuzi akajenga, akafuata mpaka wake hadi mwisho na kuusimamisha ukuta hapo. Ikabidi vijana wambebe magokoro kwa kiti cha plastiki kupitia mahindi ya jirani mwingine, binamu yangu akiwa ameshika tochi kwa meno. Alipona, tunashukuru.

Asubuhi tatamoke, mdogo wake baba, alitaka kwenda na nyundo. Tukamzuia. Tukaenda kwa chifu, chifu akamwita mwenye ukuta. Nilitarajia jeuri. Badala yake alikuja mtu mpole, akasalimia wazee wote kwa mkono, akatoa taito na ramani akaviweka mezani, akauliza: "Nionyesheni njia iko wapi hapa."

Haikuwa hapo. Na huyo mtu hakuwa anadanganya. Alinunua kilichoandikwa. Hapo ndipo nilianza kusoma.

Twende nyuma.

Kabla ya taito, ardhi ya Gusii ilikuwa ya ukoo, na ugomvi wa mipaka uliamuliwa na etureti, baraza la wazee wa mtaa. Sitawadanganya kwamba ilikuwa paradiso, watu waligombana sana tu. Lakini enchera, yaani njia, haikuwa kitu cha kumilikiwa. Ng'ombe walipita kwenda malishoni, wanawake walipita kwenda chemchemi. Shamba likihama, njia nayo ilihama kidogo. Watu walikuwa wachache, nafasi ilikuwepo, na kumzuia mtu asifike majini ilikuwa aibu kubwa kuliko kesi.

Wakoloni waliweka kituo chao Kisii mwaka 1907. Miaka michache baadaye wakapiga marufuku ebisarate, zile kambi za ng'ombe zilizolindwa na vijana. Polepole malisho ya pamoja yakapungua, kilimo kikaongezeka, na watu wakaanza kupanda ua. Kufikia miaka ya 1950 familia nyingi zilikuwa zimeshajizungushia zenyewe, bila kusukumwa na serikali. Hii ni muhimu, kwa sababu tunapenda kusema kila ua ni wa mzungu. Kwetu, ua mwingi ulipandwa na babu zetu.

Mwaka 1954 ukaja Mpango wa Swynnerton. Kwa ufupi: Mwafrika apewe hati ya shamba lake, apande kahawa, chai na pareto, akope benki, atulie, asiwe na muda wa siasa. Ulikuja wakati wa Hali ya Hatari, na ulianza kwa nguvu Mkoa wa Kati.

Sasa angalieni tofauti hii, maana sijaisikia kwenye mdahalo hata mmoja. Mkoa wa Kati, mtu alikuwa na vipande vidogo vilivyotawanyika huku na kule. Serikali ikavikusanya vyote, ikachora mashamba upya, ikampa kila mtu kipande kimoja. Katika kuchora upya, kila mtu alikatwa asilimia fulani ya ardhi yake kwa ajili ya barabara, shule na soko. Mambo mengi mabaya yalitokea kwenye zoezi hilo, na waliokuwa kizuizini au msituni walipoteza mashamba. Lakini barabara zilichorwa.

Kisii hakukuwa na haja kubwa ya kukusanya vipande, kwa sababu shamba la mtu mara nyingi lilikuwa tayari pamoja, ule mkanda wa kutoka kilimani hadi mtoni. Baada ya uhuru, tume ya Lawrance ya 1965 na 1966 ikapendekeza kwamba mahali kama hapo isipotezwe pesa kuchora upya: rekodi kilichopo, mpe mtu hati, songa mbele. Mwaka 1968 ikapitishwa Sheria ya Uamuzi wa Ardhi. Maafisa wakaja, kamati za wazee zikakaa, ua ukafuatwa, mpaka ukachorwa.

Yaani walirekodi ua. Barabara pana iliyojulikana iliingia kwenye ramani. Njia ya miguu, ile ya chemchemi, ile ya kutoka boma la chini hadi juu, mara nyingi haikuingia.

Utauliza, kwani sheria ilikataza? Hapana. Sheria iliruhusu kurekodi haki ambayo si umiliki, kama vile haki ya kupita kwa mwenzako. Na rejista ikikamilika, watu walipewa siku 60 za kupinga. Lakini hebu fikiria uko hapo. Njia iko wazi. Umeipita asubuhi hiyo hiyo kuja kwenye baraza. Mwenye shamba ni binamu yako, amekaa kando yako. Utasimama kudai kitu ambacho hujanyang'anywa?

Na ni nani waliokuwa kwenye hayo mabaraza? Wanaume. Mashamba yaliandikwa kwa majina ya wanaume. Waliopita hizo njia kila siku na mtungi kichwani na kuni mgongoni walikuwa wanawake na watoto, na hakuna aliyewauliza wanapitia wapi kwenda mtoni. Nimesoma mengi kuhusu usajili wa ardhi Kenya, na hilo ndilo linanichoma zaidi. Waliokuwa na habari hawakuitwa.

Wakati huo huo kulikuwa na Sheria ya Ardhi Iliyosajiliwa ya 1963. Hii iliamua maisha yetu kwa karibu miaka 50. Ilimpa mwenye jina kwenye rejista umiliki kamili. Na ilisema usajili wa kwanza hauwezi kurekebishwa na korti hata kama ulipatikana kwa ulaghai. Soma hiyo tena. Hata kwa ulaghai.

Lakini sheria hiyo hiyo, kifungu cha 30, iliorodhesha haki zinazomfunga mwenye shamba hata kama hazijaandikwa kwenye rejista. Na kwenye orodha hiyo kulikuwa na haki za kupita zilizokuwepo wakati wa usajili wa kwanza. Nilipoisoma maktaba nilipiga meza. Njia zetu zilikuwa zimelindwa tangu mwanzo! Ilipofutwa na nafasi yake kuchukuliwa na Sheria ya Usajili wa Ardhi ya 2012, ulinzi huo ukabaki, sasa kwenye kifungu cha 28.

Basi mbona watu wanapoteza kesi?

Kwanza, kwa miaka mingi ujumbe uliotoka kortini ulikuwa kwamba mila haina nguvu mbele ya taito. Kuna hukumu ya Mahakama Kuu ya mwaka 1972 iliyosema wazi kwamba haki za kimila zisizoandikwa kwenye rejista hazimfungi mwenye hati. Kesi hiyo ilihusu kukaa na kulima shamba, haikuwa ya njia, lakini vijijini haikufika na hayo maelezo. Ilifika kama methali: kisichoandikwa hakipo. Ni mwaka 2018 tu ambapo Mahakama ya Juu, kwa kesi ya kutoka Meru, ilisema kwamba amana za kimila zinamfunga mwenye hati hata zisipoandikwa. Miaka 46.

Pili, na hili ndilo zito: lazima uthibitishe kwamba njia ilikuwepo wakati wa usajili wa kwanza. Kwetu hiyo ni miaka ya 60 au mwanzo wa 70. Aliyekuwa na miaka kumi na mitano wakati huo sasa ana zaidi ya sabini. Kila mazishi tunayohudhuria, shahidi mmoja anazikwa. Wanaosema historia haina kazi waje Mahakama ya Mazingira na Ardhi pale Kisii wasikilize mawakili wakimhoji ajuza kuhusu mti uliokatwa kabla wao hawajazaliwa.

Kuna mlango mwingine. Sheria ya Muda wa Kushtaki inasema ukipita mahali kwa amani, waziwazi, kama haki yako, bila kukatizwa, kwa miaka 20, unapata haki ya kupita. Inaonekana rahisi. Shida iko kwenye hayo maneno "kama haki yako". Ukipita kwa ruhusa ya mwenyewe, hata miaka hamsini haikusaidii, kwa sababu ruhusa ni hisani, na hisani inaweza kuondolewa.

Sasa nyinyi mnajua tulivyolelewa. Ukipita bomani kwa mtu unasalimia. Unasema "tunapita hapa, mzee", na yeye anasema "piteni, piteni". Miaka ishirini ya heshima. Siku ya kesi wakili anamuuliza mzee wako: "Ulikuwa unaomba ruhusa?" Na mzee, kwa sababu ni mtu wa adabu, anajibu ndiyo. Kesi imekwisha. Mwenye kiburi aliyekuwa akipita bila kumwangalia mtu usoni ana haki, na mwenye adabu hana. Sijui aliyeandika sheria hii alilelewa wapi, ila si Gusii.

Na usikae. Hiyo miaka 20 inahesabiwa iwe imeishia ndani ya miaka 2 kabla ya kufungua kesi. Njia ikifungwa, ukaenda kwa mzee wa kijiji, ukarudi, ukangoja mwanasiasa aje afungue, miaka inapita na mlango huo unajifunga.

Kwa kipande ambacho hakina pa kutokea kabisa, Sheria ya Ardhi ya 2012, kifungu cha 140, inaruhusu kuomba korti itoe amri ya kupitishwa kwa jirani. Korti inaweza kuweka masharti, pamoja na fidia kwa huyo jirani. Wengi kijijini hawajui hili lipo. Na kama njia IKO kwenye ramani ila mtu amesogeza ua akaimeza, hiyo ni kesi ya mpaka, unaanzia kwa msajili wa ardhi na mpima, huendi kortini moja kwa moja. Watu wamepoteza pesa nyingi kwa kuanzia mlango usio wao.

Wazee nao? Kulikuwa na mabaraza ya migogoro ya ardhi yaliyowekwa na sheria ya 1990, yenye wazee ndani. Yalijua njia zote. Lakini mamlaka yao yalikuwa madogo, yakawa yanaamua hadi mambo ya taito, na Mahakama Kuu ikatengua maamuzi yao mengi. Mwaka 2011 yakafutwa. Kwa hivyo tulichukua watu wenye kumbukumbu bila mamlaka, tukaweka mahakama zenye mamlaka bila kumbukumbu. (Najua, najua, korti inaweza kutembelea shamba na Katiba inaruhusu usuluhishi wa kimila. Bado.)

Rudini sasa kwenye lile umbo la shamba. Baba ana mkanda kutoka barabara hadi mto na wana wanne. Akiugawa kwa urefu, kila mmoja ana barabara juu na maji chini, lakini vipande vinakuwa vyembamba hadi huwezi kugeuza ng'ombe. Akiukata kwa upana, wa juu ana lami na wa chini ana mto, na wa chini anapita kwa wa juu. Ndugu wanakubaliana kwa mdomo. Mpima anakuja, fomu ya kugawa inajazwa, bodi ya ardhi inaidhinisha. Njia ingechorwa hapo, siku hiyo, na ingekuwa imekwisha.

Kwa nini haichorwi? Kwa sababu njia inakula ardhi. Chukua ploti ya futi 50 kwa 100. Ukitoa njia ya mita 3 kwenye ule upande mrefu, umetoa karibu moja ya tano ya ploti nzima. Kaunti ya Kisii, kwa sensa ya 2019, ilikuwa na watu zaidi ya 950 kwa kila kilomita ya mraba, wakati wastani wa nchi ulikuwa 82. Hakuna mtu hapa ana moja ya tano ya kutupa. Kisha ndugu wa juu anapata karo ya kulipa, anauza, na mnunuzi hakuwepo siku ya maneno.

Ndiyo maana ile sentensi ya kampeni inaniudhi. "Tutafungua barabara." Barabara gani? Ile iliyo kwenye ramani na imevamiwa? Hiyo haihitaji ahadi, inahitaji mpima na ujasiri wa kumwondoa mvamizi, ambaye labda ndiye aliyekuandalia mkutano. Ile isiyo kwenye ramani? Hiyo ni ardhi ya mtu, na Katiba, kifungu cha 40, inasema serikali ikichukua ardhi ya mtu inamlipa haki yake bila kuchelewa. Pesa hizo ziko kwenye bajeti ipi?

Kinachofanyika ni hiki: greda inakuja karibu na uchaguzi, mwenye shamba anaambiwa akubali kwa ajili ya maendeleo, anakubali kwa mdomo mbele ya watu, migomba inang'olewa, picha zinapigwa. Hakuna kinachoandikwa kwenye rejista. Mzee akifa, mwanawe anapanda nepia katikati ya barabara, na kwa taito yake hana kosa. Kuna njia moja karibu na kwetu ambayo mimi mwenyewe nimeona ikifunguliwa mara mbili. Wote wawili walioifungua waliihesabu kama rekodi yao ya kazi.

Kwa hivyo ukipata nafasi ya kuuliza swali kwenye mdahalo, usiulize "utafungua?" Uliza kama itasajiliwa, kwa jina la nani, na nani atalipwa.

Namalizia na yaliyotupata.

Wakili alituambia tutafute mtu aliyekuwa mkubwa wakati wa kupimwa mashamba na hana undugu wa karibu na sisi. Babu hayupo. Mzee wa pili alikuwa Kericho wakati huo, kwenye chai. Tukabaki na omong'ina mmoja ng'ambo ya chemchemi, aliyeolewa hapa kabla wapimaji hawajafika. Nilienda na tatamoke na kilo mbili za sukari.

Alitusikiliza. Akasema njia ile ya kwenda juu anaijua vizuri, aliipita akiwa bibi harusi. Kisha akamwangalia tatamoke, akamuuliza: "Na ile ya kuja majini, mliyopanda mikaratusi, hiyo hamkuijia?"

Mimi sikujua. Nimekua nikicheza kwenye hiyo mikaratusi. Kumbe babu aliipanda katikati ya njia ya chemchemi, na kwa zaidi ya miaka thelathini yeye na wanawake wa upande wake wamezunguka kwa daraja kuchota maji. Waliwahi kuja kumwona babu. Aliwaonyesha taito.

Tatamoke alinyamaza, akaangalia chini. Omong'ina akapokea sukari, akaiweka mezani, akasema kortini atakuja, hana shida. "Ila nikiapishwa nitazitaja zote mbili."

Kesi itatajwa mwezi ujao. Tatamoke amepeleka mtu kupima mikaratusi, anasema anataka tu kujua bei ya mbao.